Askari aliyewapelekea majeruhi penseli

Shemeji yangu mmoja hupaka rangi maboti pale Dunga, mwendo mfupi wa bodaboda kutoka katikati ya mji wa Kisumu. Ukifika ufuoni asubuhi, kabla akina mama wa samaki hawajajaa, utamkuta ameketi juu ya jerikeni lililolazwa, mguu mmoja ameukunja na ule wa bandia ameunyoosha mbele, akiandika jina ubavuni mwa boti. Herufi kwanza kwa chaki, kisha rangi. Jina likiisha, na mwenye boti akiwa na subira, ataongeza jogoo, au mbuta mwenye macho makubwa, au jua linalochomoza. Alikuwa mwanajeshi. Alikwenda Somalia akiwa na miguu miwili.

Jina lake silitaji kwa kuwa hakuniomba nimwandike. Nataja jambo moja tu alilowahi kuniambia siku tulipokaa pamoja kusubiri rangi ikauke: kwamba siku aliyoshika brashi, usiku wake huwa na kelele chache. Hakuliita jambo hilo tiba. Hakuliita chochote. Alisema tu, akageukia mazungumzo ya bei ya omena.

Mimi ni mtu wa Pwani niliyeoa huku ziwani, na wasomaji wa ukurasa huu mmezoea kupata kwangu habari za huku. Leo mnivumilie niwapeleke mbali kidogo. Maneno ya shemeji yalinikaa kichwani, nikataka kujua kama kuna mtu aliyewahi kulitazama jambo hili kwa makini. Utafutaji huo ukanifikisha kwa mchoraji wa Kiingereza aliyeitwa Adrian Hill, aliyefariki mwaka 1977. Kwao alijulikana sana enzi zake, kwa sababu alikuwa na kipindi cha kufundisha watoto kuchora kwenye televisheni ya BBC. Sidhani kama watoto wale walijua kuwa mwalimu wao wa kwenye kioo ndiye aliyelipa jina jambo ambalo shemeji yangu hulifanya bila kulipa jina.

Hill alizaliwa Charlton, upande wa kusini mashariki wa London, mwaka 1895. Alisoma Dulwich College, na mwaka 1912 akaingia shule ya sanaa ya St John's Wood. Alikuwa na miaka 19 Vita Kuu ya Kwanza ilipoanza, akajiunga na kikosi kiitwacho Honourable Artillery Company. Jina hilo ni la watu wa mizinga, lakini kikosi kilikuwa pia na askari wa miguu, na Hill alipelekwa mstari wa mbele huko Ufaransa na Ubelgiji.

Makamanda walipogundua kuwa kijana huyu anajua kuchora, walimweka katika kundi la wapelelezi na walenga shabaha. Kazi yake ilikuwa kutoka nje ya handaki, kutambaa katika ile nafasi iliyo katikati ya majeshi mawili, pahali ambapo kila kinachosogea hupigwa risasi, na kuchora alichokiona: mti huu, ukuta ule, tundu lile ambalo huenda lina bunduki. Vifaa vyake vya kuchorea alivitundika shingoni ili mikono ibaki huru kutambaa. Miaka mingi baadaye alisimulia jinsi alivyousogelea msitu uliovunjwavunjwa na mizinga, na kadiri alivyoukaribia akaona kwamba mti mmoja kati ya ile miti iliyokatika ulikuwa kituo cha siri cha adui cha kutazamia. Kutoka mbali ulikuwa mti. Mchoraji ndiye aliyeuona si mti.

Hebu fikiria kuchora kwa namna hiyo. Penseli yake ilikuwa silaha, maana ramani ikifika nyuma, mizinga hufuata mistari aliyoichora. Nimeliwaza sana jambo hili, kwamba mtu aliyekuja kuwafundisha majeruhi kuchora ili wapone alianza kuchora vitani ili watu wapigwe. Sijui kama yeye mwenyewe alilitazama hivyo. Hata hivyo hakuna aliyehitaji kumweleza kinachobaki katika macho ya askari.

Mwaka 1917 serikali ya Uingereza ilianzisha makumbusho ya vita, ambayo leo huitwa Imperial War Museum, na Hill akawa mchoraji wa kwanza kupewa kazi na makumbusho hayo. Kati ya mwaka huo na 1919 alichora picha zipatazo 180, nyingi kwa kalamu na wino. Hakuchora majemadari juu ya farasi. Alichora makanisa yaliyobaki kuta mbili, vijiji visivyo na paa, barabara za matope, na watu wakifanya kazi ndogondogo za vita ambazo hakuna anayezitungia nyimbo. Picha zake zimetulia, na ukizitazama haraka unaweza kudhani mchoraji hakusikia kitu. Mimi naona ni utulivu wa mtu anayejizuia.

Tusisahau kwamba vita hivyohivyo vilikuwa huku pia. Septemba 1914 Wajerumani waliingia Kisii, na askari wa KAR wakapakiwa melini hapa Kisumu kuvuka ghuba kwenda kuwakabili. Kisha wakaja kuchukuliwa wapagazi, Wajaluo na Waluhya kwa maelfu, pamoja na watu wa kila upande wa nchi, wakabebeshwa mizigo hadi Ruvuma na kwingineko. Kwa makumi ya maelfu hawakurudi, na wengi waliuawa na kuhara na njaa kuliko risasi. Nyinyi mnaopita mjini Mombasa mnazijua zile sanamu za askari zilizosimamishwa enzi za ukoloni, miaka ya 1920. Hicho ndicho kiasi cha sanaa waliyopewa. Waliichongewa na wengine, tena wengi wao wakiwa wamekwisha kufa.

Baada ya vita Hill alirudi masomoni, katika Royal College of Art, kisha akafundisha uchoraji katika shule za Hornsey na Westminster kwa miaka mingi. Alioa, aliandika, alionyesha picha zake. Kama maisha yake yangeishia hapo asingekuwa na sababu ya kuandikwa katika ukurasa huu.

Mwaka 1938, akiwa na miaka 43, madaktari walimkuta na kifua kikuu.

Watu wa Kisumu hawahitaji kuelezwa kifua kikuu ni nini, ila wanahitaji kukumbushwa kilikuwaje kabla ya dawa. Hakukuwa na vidonge vya miezi sita. Hakukuwa na sindano. Streptomycin, dawa ya kwanza iliyokiweza kweli, ilikuwa bado haijagunduliwa. Tiba ilikuwa kulala. Mgonjwa alipelekwa mahali penye hewa safi, akalazwa kitandani miezi, pengine miaka, madirisha wazi hata wakati wa baridi, akasubiri mwili uamue. Wengine walipasuliwa ili pafu lilale lipumzike. Hill alipelekwa katika hospitali ya King Edward VII karibu na Midhurst, kusini mwa Uingereza, hospitali kubwa iliyokuwa katikati ya misonobari tangu mwaka 1906.

Nani aliyewahi kulala hospitalini wiki tatu asiyejua adui wa pili? Wa kwanza ni ugonjwa. Wa pili ni dari. Unaitazama mpaka unazijua nyufa zake kama mistari ya kiganja, na mawazo yanazunguka palepale kama ng'ombe aliyefungwa kwenye mti. Wagonjwa wa Midhurst walikatazwa hata kuchangamka kupita kiasi. Walitakiwa wawe kama mizigo iliyohifadhiwa ghalani.

Hill alikuwa na penseli. Akaanza kuchora vilivyokuwa mbele ya macho yake, vitu vya kawaida vya karibu na kitanda. Mtu aliyechora miji iliyobomoka sasa alichora vyombo vya mgonjwa. Aligundua kwamba akichora saa moja, saa hiyo haikuwa ya ugonjwa. Zaidi ya hapo, siku iliyofuata ilikuwa na jambo la kuamkia, maana jana kivuli cha gilasi hakikukaa sawa na leo lazima akirekebishe. Akili yote ilishughulika pamoja na vidole, na huko ndiko alikorudi daima alipoulizwa siri ni nini. Mtu huweza kufuma kikapu huku mawazo yakimtafuna, lakini anayechora hana nafasi hiyo, kwa sababu kila mstari ni uamuzi.

Alipona polepole. Vita vya pili vilikuwa vimeanza. Mwaka 1939 hospitali ile ilikuwa imeleta kwa mara ya kwanza tiba ya kazi za mikono, na Hill akaombwa awafundishe wagonjwa wenzake kuchora. Mara wakaanza kufika askari walioumia vitani. Hao ndio waliokuwa wanafunzi wake wa mwanzo, kisha akawageukia raia.

Hapa ningependa tukae kidogo. Mfikirie mwalimu huyo, bado hana nguvu kamili, ana miaka arobaini na kitu, anasimama kando ya kitanda cha kijana wa miaka 20 aliyetoka vitani. Kijana hajawahi kuchora tangu shule ya msingi. Anaona aibu. Anaona ni mchezo wa watoto, au mbinu ya kumnyamazisha. Daktari akimwambia achore, atakataa. Akiambiwa na mtu ambaye mwenyewe alitambaa kwenye matope yaleyale miaka 25 iliyopita, na ambaye mwenyewe amelala kwenye kitanda kama kile, hana la kumjibu. Naamini nusu ya mafanikio ya Hill ilikuwa hapo, na vitabu havipimi kitu kama hicho.

Alichoona ni kwamba wagonjwa hawakuishia kwenye vikombe na maua. Wakipata kujiamini kidogo, mikono yao ilikwenda yenyewe pale ambapo mdomo ulikataa kwenda. Vita vikatoka. Hofu ikatoka, kwenye karatasi, ambako mtu anaweza kuitazama, kuipindua, hata kuichana. Hill hakuwa daktari wa akili na hakujifanya. Aliziona picha hizo kama mchoraji anavyoziona, akasema hapa kuna kitu, na kitu hicho kinastahili kuheshimiwa. Alishikilia kuwa nguvu ya kuumba iliyofungwa ndani ya mgonjwa ikifunguliwa, humjengea ukuta dhidi ya misiba yake.

Mwaka 1942 akakipa kitu hicho jina: tiba ya sanaa. Maneno mawili tu, lakini kabla ya jina kila daktari aliyeona mgonjwa akichora aliona mtu anayepitisha wakati. Kitu kikiwa na jina unaweza kukiombea bajeti.

Alipata mshirika katika Shirika la Msalaba Mwekundu la Uingereza. Pamoja walianzisha mpango wa kuazimisha hospitali picha, nakala nzuri za kazi za wachoraji wakubwa, zikatundikwa wodini na kubadilishwa baada ya muda. Mtu alikuja kuzizungumzia, wagonjwa wakabishana. Huyu anaipenda, yule anasema hata mtoto wake angeichora. Kubishana nako ni dawa, jamani, kwa mtu ambaye kwa miezi sita ameulizwa tu kama amepata choo. Kufikia mwaka 1950 mpango huo ulikuwa umefika karibu hospitali 200.

Mmoja wa waliofanya kazi katika mpango huo alikuwa Edward Adamson. Wakenya watamfikiria yule Adamson wa simba, lakini huyu ni mwingine. Mwaka 1946 alifika katika hospitali kubwa ya wagonjwa wa akili iliyoitwa Netherne, akabaki huko hadi mwaka 1981. Adamson alikuwa tofauti na Hill. Hill alifundisha, alionyesha, alichangamsha. Adamson alikaa kimya, akawapa wagonjwa karatasi na rangi, akawaacha. Wanafunzi wa taaluma hii bado wanagombana kuhusu njia hizo mbili. Mimi nimemtazama shemeji pale Dunga, naye ni wa Adamson kabisa. Ukimsogelea kumwambia jogoo wako ana shingo ndefu, anaweka brashi chini mpaka uondoke.

Kitabu cha Hill, Art Versus Illness, kilitoka mwaka 1945, na kingine, Painting Out Illness, mwaka 1951. Kwa haki nitaje udhaifu wake. Alikuwa na bidii ya mhubiri, na mhubiri hupitiliza. Kuna mahali unapomsoma unadhani penseli inaweza kuponya pafu. Haiwezi. Kilichoviondoa vitanda vile vya kifua kikuu ni streptomycin na dawa zilizoifuata. Bakteria haogopi mchoro. Hata kwa askari, kuchora hakurudishi mguu, na wapo ambao karatasi tupu huwaongezea mateso wakikosa mtu wa kuwa nao. Hilo la pili Hill alilijua nusu tu, kwa sababu aliowaona walikuwa wodini, wamezungukwa na wauguzi.

Sasa turudi ziwani, maana lililonifanya niandike liko hapa.

Wakati Hill anapita kitanda hadi kitanda Midhurst, vijana wa Nyanza walikuwa Burma. Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki ilishuka bonde la Kabaw mwaka 1944 katikati ya masika, matope hadi magotini, malaria, Wajapani vichakani, na Desemba ikafika Kalewa kwenye mto Chindwin. Wakenya waliovaa sare katika vita hivyo walikaribia laki moja. Walipigwa risasi zilezile na waliota ndoto zilezile. Waliporudi, wengi walishuka reli hapa Kisumu na koti la jeshi na malipo kidogo ya kuagwa, wakaambiwa warudi vijijini.

Na nani alikuwa amekabidhiwa akili zao? Hospitali ya Mathari, Nairobi, kuanzia mwaka 1938 hadi 1950, ilikuwa chini ya daktari aliyeitwa J. C. Carothers. Hakuwa amesomea magonjwa ya akili alipoanza. Mwaka 1953 Shirika la Afya Duniani lilichapisha kitabu chake kuhusu akili ya Mwafrika, ambamo alieleza kuwa Mwafrika hatumii vyema sehemu ya mbele ya ubongo, na akamlinganisha na Mzungu aliyekatwa mishipa ya sehemu hiyo kwa upasuaji. Huzuni nzito, kwa maoni yake, ilikuwa nadra kwetu. Mwaka uliofuata akaandika ripoti juu ya Mau Mau kwa ajili ya serikali.

Weka watu hawa wawili kando kwa kando, wa zama moja na dola moja. Mmoja anampa askari Mwingereza penseli kwa kuwa ana hakika ndani yake kuna kitu kinachotaka kutoka. Mwingine anaandika kwamba ndani ya askari Mwafrika hakuna kitu cha kutoka. Simlaumu Hill kwa maneno ya Carothers. Ila ninapomsifu, nasifu kitu ambacho babu zetu walinyimwa, na si kwa sababu penseli zilikuwa ghali.

Walichofanya babu hao walikifanya wenyewe. Wanaoandika historia ya muziki wa Kenya husema kuwa gitaa lilienea Nyanza kwa mikono ya askari waliotoka vitani. Walilileta katika nchi ambayo tayari ilikuwa na nyatiti, chombo cha nyuzi nane ambacho mpigaji wake hukaa chini na kulia pamoja na wafiwa usiku kucha. Vidole vilivyozoea nyatiti vikalishika gitaa, vikalidonoa badala ya kulipapasa, na kutokana na mdonoo huo baada ya miaka kadhaa ikazaliwa benga. Watu hucheza benga katika harusi na vilabuni, sawa. Lakini sikiliza ile nyuzi ya juu inavyorudia jambo lilelile bila kuchoka, halafu uniambie kama huyo aliyeanza kuipiga hivyo alikuwa mtu asiye na la kutoa. Sina daftari la hospitali la kuthibitisha kuwa iliwaponya. Najua tu kwamba hakuna aliyewaletea kitu kando ya kitanda, wakajiletea.

Hill aliishi kuona wazo lake likishikwa na wengine. Mwaka 1964 watu waliofanya kazi hiyo Uingereza waliunda chama chao cha taaluma, wakamfanya rais wa kwanza. Ilikuwa heshima, na pia ilikuwa kuagwa, kwa maana waliomfuata walikuwa na vyeti, na mjadala ulikuwa umehamia kwenye nadharia za wanasaikolojia ambazo yeye hakuzihitaji. Swali likawa je, ni mchoraji anayesaidia wagonjwa, au ni mganga anayetumia rangi? Kwa Hill jibu lilikuwa wazi: yeye alikuwa mchoraji. Miaka ya 1950 na kuendelea kipindi chake cha Sketch Club kilimpeleka sebuleni kwa watu wengi, akiwaonyesha watoto jinsi ya kuchora mti. Miti aliipenda siku zote. Nimejiuliza kama alipochora mti mbele ya kamera aliwahi kuukumbuka ule mmoja wa vitani ambao haukuwa mti.

Alifariki mwaka 1977, mwenye miaka 82. Mapafu yaliyopewa muda mfupi mwaka 1938 yalimbeba karibu miaka 40.

Huku kwetu jeshi liliingia Somalia Oktoba 2011. Januari 2016 kulikuwa na El Adde, na familia nyingi za Nyanza zinajua tarehe hiyo bila kutazama kalenda. Waliorudi wazima hatuwasemi sana, na waliorudi nusu tunawasema kwa sauti ya chini, kana kwamba ukiwataja utawaamsha. Tiba ya sanaa ipo nchini kwa kiasi chake, mijini, kwa anayeweza kuilipia. Lakini askari wa kawaida akitoka hospitalini na gongo lake huteremka matatu Kisumu akatafuta kazi kama mtu mwingine yeyote, na kama ana bahati, kazi hiyo itakuwa na rangi ndani yake.

Wiki iliyopita, nikiwa nimejaa habari za Adrian Hill, nilikwenda mjini nikanunua kisanduku cha rangi za maji na daftari zuri la karatasi nene, nikampelekea shemeji Dunga. Nikamsimulia habari za Midhurst, za vitanda na madirisha wazi. Alisikiliza kwa adabu hadi mwisho. Akafungua kisanduku, akagusa rangi ya buluu kwa kidole, akakifunga. Akanieleza, kwa upole anaotumia na watu wa Pwani wasiojua ziwa, kwamba rangi ya maji haishiki kwenye mbao za boti, ikilowa mara moja imekwenda, na kwamba hiyo nikampe mpwa wangu wa darasa la tatu. Daftari alibaki nalo. Alichohitaji, akasema, ni rangi ya mafuta, nyeupe, kopo la lita moja, kwa sababu kuna mtu wa Usoma anaisubiri boti yake Ijumaa na jina bado halijaanzwa.